Nimeweka moshi na mwendo wa polepole, mbona filamu yangu haifanani na ndoto?

"Mimi ni dada wa miaka 27, naishi Tanga. Tangu bibi yangu afariki naota ndoto moja inayojirudia. Naingia nyumbani kwake Pangani, yeye yuko uani anakuna nazi, kanipa mgongo. Nikipita kwenye korido kumfuata najikuta mahali pengine, mara darasani nilikosoma sekondari, mara ufukweni, na sioni ajabu. Nimetengeneza filamu fupi ya dakika 11 kwa simu kuhusu ndoto hiyo. Nimeweka moshi, nikapunguza mwendo wa picha, nikaipaka rangi ya bluu, sauti nikaitia mwangwi, na chini yake piano. Niliowaonyesha wanasema ni nzuri ila inafanana na video ya muziki, na mmoja aliniuliza wimbo uko wapi. Je, tatizo ni simu? Kuna kamera inauzwa shilingi milioni 4, naweza kujikusanya. Au niache tu mtu asielewe, kwa kuwa ndoto haina mantiki? Na mwishoni niandike kwamba bibi alifariki?"

Pole sana kwa kuondokewa na bibi, dada yangu. Katika barua yako kuna maneno umeyaandika kama kwa kupita tu: "na sioni ajabu." Unatoka kwenye korido ya bibi, unatokea darasani, na huoni ajabu. Hapo ndipo ndoto yako ilipo. Filamu yako, kwa jinsi unavyoieleza, inafanya kinyume: kila dakika inamwambia mtazamaji astaajabu.

La kamera tulimalize mapema. Usiinunue kwa ajili ya filamu hii. Hakuna hata kimoja kati ya vitu vinavyokukwamisha ambacho lenzi ya milioni 4 itakitatua. Ukiwa na hamu ya kutumia fedha, nunua stendi imara ya simu na kinasa sauti kidogo, zinazobaki ziweke.

Sasa tuje kwenye moshi. Nani alitufundisha kwamba ndotoni kuna moshi? Kwa sehemu kubwa ni sinema. Miaka ya 1940 na 1950 Wamarekani wengi walipoulizwa walisema wanaota kwa nyeusi na nyeupe. Vizazi vilivyofuata, vilivyokulia kwenye filamu na televisheni za rangi, vikasema vinaota kwa rangi. Ni vigumu kuamini kwamba ubongo wa binadamu ulibadilika ndani ya miaka michache hivyo. Inaelekea zaidi kwamba filamu zilibadilisha namna watu wanavyozisimulia ndoto zao. Nawe umefanya hivyo hivyo: umeota nyumba ya bibi, kisha ukaivika mavazi uliyoyaona kwenye filamu za wengine. Jiulize kwa utulivu, je, ndotoni ua wa bibi ulikuwa na ukungu? Au uliona vizuri kabisa mbuzi ya kukunia nazi, kifuu na mkono wake ukizunguka? Watu wengi wakiulizwa papo hapo wanapoamka husimulia mambo ya kawaida sana: nyumba wanazozijua, watu wanaowajua, na jambo moja tu limekaa upande.

Kwa nini basi hatushangai? Mwaka 1953, Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago walieleza kipindi cha usingizi ambapo macho hukimbia huku na huko chini ya kope. Ukimwamsha mtu kipindi hicho, mara nyingi atakusimulia ndoto kamili. Utafiti uliofuata ukaonyesha kwamba wakati huo sehemu ya mbele ya ubongo, nyuma ya paji la uso, ile inayohoji na kukagua kama jambo linaingia akilini, hupunguza kazi. Sehemu zinazounda picha na zinazobeba hisia hubaki na nguvu. Kwa hiyo unaona waziwazi, unapenda au unaogopa kwa moyo wote, ila wa kuuliza "nimefikaje hapa?" hayupo. Ni kama mlinzi wa getini kasinzia na kila mgeni anaingia bila kuulizwa.

Mtazamaji wako, lakini, yuko macho na mlinzi wake yuko kazini. Unataka wageni wapite bila yeye kushtuka. Moshi, bluu na mwangwi ndivyo vinavyomshtua, maana vinatangaza kwamba sasa tunaingia ndotoni, na akishatangaziwa anakaa mbali na kuanza kutathmini: rangi nzuri, mwanga mzuri, wimbo uko wapi. Aliyekuuliza hivyo hakukukejeli. Alikuwa anasoma alama ulizomwekea.

Nakuomba utazame filamu moja kwa makini, tena zaidi ya mara moja: Meshes of the Afternoon, ya dakika kama 14, waliyoitengeneza Maya Deren na mumewe Alexander Hammid huko Los Angeles mwaka 1943. Deren alizaliwa Kiev mwaka 1917 na kuhamia Marekani akiwa mtoto. Waliipiga nyumbani kwao kwa kamera ya Bolex ya filamu ya milimita 16, wakaigiza wenyewe, na gharama inayotajwa ni kama dola 275. Kamera ile ilijazwa kwa kuzungushwa mkono kama saa ya zamani, na ukiijaza inapiga chini ya nusu dakika kisha inasimama. Hakuna shoti ya kurefusha hapo. Kila kipande kilipaswa kujua kinaanzia wapi na kinaishia wapi.

Ndani yake kuna mwanamke anarudi nyumbani mchana, jua kali. Ufunguo unamponyoka na kudunda kwenye ngazi. Ndani kuna mkate na kisu mezani, simu imeachwa nje ya kitako chake, santuri inazunguka ghorofani. Anakaa kwenye kiti, anasinzia. Tangu hapo anarudi tena na tena kwenye nyumba ileile, na kila akirudi vitu ni vilevile ila vimehama: kisu kiko kwenye ngazi, baadaye kiko kitandani, ufunguo unatoka mdomoni mwake. Nje anapita mtu aliyevaa nguo nyeusi, usoni ana kioo. Mwanamke anamkimbilia, yule anatembea tu, na bado hamfikii. Hakuna moshi kwenye barabara ile. Vivuli vimechongeka, majani yanahesabika.

Mahali pa kusimamisha na kurudisha nyuma ni karibu na mwisho, pale ambapo mmoja wa nakala zake, maana sasa yuko zaidi ya mmoja, anainuka mezani akiwa na kisu kumwendea yeye mwenyewe aliyelala kitini. Chumbani ni hatua chache tu. Tunaiona miguu: hatua moja mchangani, nyingine kwenye majani, nyingine kwenye sakafu ngumu, kisha zulia. Umbali wa mita chache umekuwa safari ya kutoka baharini hadi sebuleni, na sisi tunapita naye bila kusita, kwa sababu mwendo wa mguu haukukatika. Mahali ndipo palipobadilika. Mwaka uliofuata, katika filamu yake At Land, Deren aliendeleza jambo hilo: mwanamke aliyetupwa na mawimbi anapanda kisiki ufukweni, mikono inashika juu, na kichwa kinachomoza ukingoni mwa meza ndefu ya karamu.

Kumbe mtambo wenyewe ni huu: mwili unaendelea, dunia inabadilika. Jicho la mtazamaji linafuata tendo lililoanza na linataka kuona likimalizika, na haja hiyo ina nguvu kuliko haja ya kujua tuko wapi. Ukimpa tendo zima, atakusamehe mahali. Ukilikata tendo katikati ya chochote, au ukalifunika kwa kufifisha picha moja ndani ya nyingine, unampa nafasi ya kuuliza.

Turudi kwenye korido yako, maana nadhani inahitaji kupigwa upya, hata kama mengine yote utayaacha. Weka simu kwenye stendi kimo cha magoti. Pita kutoka kushoto kwenda kulia, usipunguze mwendo mlangoni, utoke kabisa nje ya fremu, yaani nje ya eneo ambalo simu inaliona. Omba ruhusa shuleni siku ya Jumamosi, weka simu kimo kilekile na umbali uleule, vaa viatu vilevile, na upite tena kushoto kwenda kulia, ukianzia nje ya fremu. Ufukweni vivyo hivyo. Ukifika kwenye kuhariri, tafuta fremu, yaani picha moja moja ya video, ambayo mguu uko hewani na kisigino kinakaribia kutua. Kata hapo. Picha ya darasani ianze fremu mbili tatu kabla mguu uleule haujagusa sakafu. Ukiona mkato unaruka, usikimbilie kuongeza madoido. Sogeza fremu moja moja mbele na nyuma, na utafika mahali ambapo ghafla hauonekani tena. Kazi hii inachosha macho, nayo ndiyo kazi yenyewe.

Mambo mawili ya simu yatakuangusha hapa usipoyadhibiti. Simu ikiachwa ijiamulie mwanga na rangi, korido itakuwa ya njano na darasa la buluu, na mlinzi wa mtazamaji atashtuka. Tumia programu ya kamera inayokuruhusu kufunga mwanga, fokasi na rangi kwa mkono. Pili, umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo ukipiga chini ya tubulaiti au taa nyingi za LED piga fremu 25 kwa sekunde, kasi ya shata (muda ambao kila picha inapokea mwanga) iwe sekunde 1/50 au 1/100, la sivyo picha itapigwa mistari au kumetameta.

Kisha mikono yako. Anayetembea kwa mshangao, akigeuza kichwa huku na huko, anamfundisha mtazamaji kushangaa. Jipe kazi. Beba bakuli unalompelekea bibi la kukamulia tui, na ushughulike lisidondoke. Darasani bado umelishika. Ufukweni bado umelishika, na safari hii lina maji. Mbuzi ya nazi nayo tuione chini ya dawati darasani, pembeni ya fremu, wewe unaipita bila kuitazama. Usitafute vitu vingi. Deren alitosheka na ufunguo, kisu, ua la kushika mkononi, kioo na vichache vingine, akavirudisha mpaka vikawa na uzito.

Hapo ndipo penye jibu la swali lako la mantiki. Watu hutaja filamu ya Un Chien Andalou ya Luis Buñuel na Salvador Dalí, iliyoonyeshwa Paris mwaka 1929, kama ushahidi kwamba kila kitu kinaruhusiwa. Ni kweli ilianza kwa ndoto mbili, moja ya wingu linaloukata mwezi kama wembe unavyokata jicho, nyingine ya mkono uliojaa sisimizi, na wawili hao walikubaliana kukataa wazo lolote lenye maelezo ya akili. Lakini itazame. Kuna kisanduku chenye mistari kinachorudi na kurudi. Kuna mwanamke anayefungua mlango wa chumba cha ghorofani na kutoka moja kwa moja ufukweni, upepo unampiga, na uso wake hauulizi kitu. Walikataa maelezo, hawakukataa mpangilio. Ndoto ina mantiki ya hisia: vitu vinashikana kwa sababu moyo umevishikanisha. Bibi, darasa na bahari vimeshikana ndani yako. Huhitaji kujua kwa nini, ila huwezi kubadilisha darasa kwa duka la simu kwa sababu tu duka liko karibu. Ukiingiza picha kwa kuwa ni ya ajabu, mtazamaji anajua, hata asipoweza kusema amejuaje.

Sisemi mwendo wa polepole ni haramu. Deren mwenyewe aliutumia, mwanamke anapopanda ngazi kama anaelea. Lakini aliuweka mahali palipouhitaji, na kabla na baada yake mwendo ni wa kawaida. Ukipunguza kila kitu hakuna kilichopunguzwa. Mimi ningeuacha mara moja tu katika dakika zako 11, kwenye mkono wa bibi unaokuna, kwa sababu nadhani pale ungependa muda usiishe.

Sauti ndiyo inayonipa matumaini makubwa zaidi na filamu yako, na ndiyo uliyoizika. Ondoa piano. Ondoa mwangwi. Meshes ilitengenezwa bila sauti kabisa, muziki wa Teiji Ito uliongezwa mwaka 1959, na bado ilikuwa imesimama yenyewe kwa miaka yote hiyo. Wewe una kitu ambacho hakuna mpiga piano atakupa: sauti ya nazi ikikunwa. Ni kavu, ina mdundo, na mtu wa pwani akiisikia anajua jikoni kuna nini kabla hajafika. Irekodi kwa karibu, dakika mbili tatu mfululizo. Rekodi pia ukimya wa korido ile, dakika nzima bila mtu kusema. Kisha uiache sauti ya kukuna ianze kwenye korido, iendelee bila kubadilika darasani, iendelee ufukweni juu ya bahari ambayo mawimbi yake hatuyasikii. Picha inasema tumehama, sikio linasema hatujatoka kwa bibi. Hapo mtazamaji anakuwa mahali pawili kwa wakati mmoja, kama ulivyokuwa wewe, na haoni umefanya nini. Mwongozaji David Lynch na fundi wake wa sauti Alan Splet walifanya jambo la jamii hiyo katika filamu ya Eraserhead ya mwaka 1977: mngurumo wa mitambo usiokoma chini ya karibu kila tukio, mpaka chumba cha kawaida kinaanza kukubana.

Kuhusu maandishi ya mwishoni, una njia mbili na zote zina gharama. Ukiandika "bibi yangu alifariki", kila mtu atakuelewa na wengi wataguswa, lakini filamu nzima itageuka nyuma na kuwa kielelezo cha sentensi hiyo. Mtu aliyekuwa anamfikiria mama yake ataambiwa amekosea. Usipoandika, wapo watakaotoka bila kujua, nawe ukubali hilo bila kinyongo. Mimi ningeacha bila, nikaweka jina la bibi peke yake kama kumbukumbu kwenye majina ya waliohusika. Anayetaka kujua atajua. Na kama una shoti ya kuamka kwa kushtuka kitandani, iondoe kwanza uone. Mara nyingi shoti hiyo inamrudishia mtazamaji kila ulichompa.

Ukitaka mfano wa kwetu, tafuta filamu fupi ya Pumzi ya Mkenya Wanuri Kahiu, ya mwaka 2009. Inahusu dunia baada ya vita vya maji, ambamo mtambo ukigundua kwamba unaota unakuamuru umeze dawa ya kuzuia ndoto. Mwanamke anaota mti, na ndoto hiyo inamtuma kazi. Bajeti na mbinu zake si kama zako, lakini ona jinsi ndoto ilivyoachwa iwe kitu kinachomsukuma mtu kutenda.

Je, upige upya yote au uhariri ulichonacho? Anza kwa kuhariri. Tengeneza nakala, ondoa rangi, mwangwi, piano na mwendo wa polepole wote, uitazame ikiwa uchi. Itakuumiza kidogo. Shoti zitakazobaki hai ndizo za kuweka, na naamini utabaki na dakika tano au sita, si 11. Zilizokufa ndizo za kupiga upya. Moshi uliopigwa ndani ya picha hauondoki kwa kuhariri, kwa hiyo shoti hizo zihesabu kuwa zimepotea.

Kisha waalike watu wanne watano, mkae chumba kimoja. Usiwatumie kwa simu. Kaa pembeni uwatazame wao, si skrini. Andika muda ambao mtu anageuka, anashika simu au anaangalia jirani yake. Usiwaulize wameelewa nini, waulize wanakumbuka nini. Wakitaja bakuli kabla hujalitaja, korido imefanya kazi. Ukitaka macho ya fundi, tafuta mhariri aliye karibu nawe akae nawe mezani saa mbili, kwa sababu mkato wa mguu hauelezeki vizuri kwa barua. Na ikifika wakati wake, tamasha la filamu la ZIFF kule Zanzibar hupokea filamu fupi.

Nikuonye jambo moja la afya ya watazamaji. Wengi wanaotengeneza filamu za namna hii huvutwa na mwanga unaowaka na kuzima haraka. Mimweko inayozidi mitatu kwa sekunde inaweza kuwaletea degedege watu wenye kifafa cha mwanga, na baadhi yao hawajui kama wanacho. Japani mwaka 1997 katuni moja ya televisheni iliwapeleka hospitalini watoto mamia kwa sababu ya mimweko. Kama unayo, itoe, au angalau weka onyo kabla filamu haijaanza na useme kwa mdomo ukumbini.

Mwisho ni wewe mwenyewe. Hujasema kama ndoto hii inakutesa au inakufariji, na kuota aliyefariki ni jambo la kawaida kabisa katika msiba. Lakini ikiwa unaogopa kulala, unaamka usiku hadi usiku kwa hofu, au umeshindwa kazi na kula, usiifanye filamu iwe tiba yako pekee. Nenda hospitali ya mkoa umwone daktari, umweleze kuhusu usingizi, naye anaweza kukuelekeza kwa mshauri nasaha au kitengo cha afya ya akili. Kwa majinamizi yanayojirudia ipo mbinu inayotumika, ambapo mtu huiandika ndoto yake mchana akiwa macho, akaibadilisha atakavyo, kisha akaipitia akilini kila siku. Ukiamka huwezi kusogea huku kifua kimebanwa, mara nyingi ni ule ulegevu wa misuli wa usingizi wa ndoto uliochelewa kuondoka, na huisha wenyewe baada ya muda mfupi, ila ukikujia mara kwa mara mwambie daktari hilo pia. Korido haikimbii. Unaweza kuipiga mwezi ujao ukiwa umelala vizuri.